Barua ya wazi kwa wasimamizi wa hazina ya filamu ya Ujerumani: Msimgawanye Henny Porten

Kwa Waheshimiwa Wakurugenzi wa Bundesarchiv, Deutsche Kinemathek na DEFA-Stiftung mjini Berlin, wa taasisi ya filamu ya DFF mjini Frankfurt am Main, na wa Friedrich-Wilhelm-Murnau-Stiftung mjini Wiesbaden. Na kwa Mheshimiwa anayesimamia masuala ya utamaduni katika Serikali ya Shirikisho.

Waheshimiwa,

Ninawaandikia kwa heshima zote kuhusu mwigizaji mmoja ambaye ninyi nyote mnaitunza kazi yake, kila taasisi na fungu lake, na ambaye kwa sababu hiyo hiyo hana anayeitunza kazi yake yote. Jina lake ni Henny Porten. Alizaliwa Magdeburg tarehe 7 Januari 1890, Kaizari akiwa bado kwenye kiti chake, na akafariki Berlin Magharibi tarehe 15 Oktoba 1960, miezi 10 kabla ya mji huo kukatwa kwa ukuta. Alionekana katika filamu zaidi ya 170. Alifanya kazi chini ya utawala wa Kaizari, chini ya Jamhuri ya Weimar, chini ya Wanazi, kisha katika Ujerumani ya Magharibi na katika ile ya Mashariki. Sidhani kama kuna maisha mengine ya kisanii yanayoionyesha historia ya karne ya 20 ya nchi yenu kwa uwazi kama haya, na ndiyo maana ninaomba kazi yake irudishwe mbele ya watazamaji ikiwa mfululizo mmoja, tangu picha ya kwanza hadi ya mwisho, badala ya kuachwa imegawanyika kama ilivyo sasa.

Najua mgawanyiko huo haukuanzishwa na ninyi. Sehemu kubwa ya haki za filamu za kampuni ya Ufa ziko Wiesbaden. Filamu za DEFA, studio ya taifa ya Ujerumani Mashariki, ziko chini ya DEFA-Stiftung tangu taasisi hiyo ilipoanzishwa mwaka 1998. Mikanda yenyewe, hasa ile ya kale, imetapakaa katika maghala ya Bundesarchiv na ya makumbusho mbalimbali. Kila mpaka kati ya taasisi hizi una sababu yake ya kisheria. Lakini mtazamaji anayemtafuta Porten hukutana na wanawake wanne tofauti: msichana mrembo wa picha za kale, malkia wa filamu za mwongozaji Ernst Lubitsch, mama wa nyumbani wa mwaka 1944, na bibi mwenye sarakasi katika filamu ya DEFA. Hakuna anayemweleza kwamba huyo ni mtu mmoja, wala kwamba kati ya yule wa pili na yule wa tatu kuna uamuzi alioufanya ambao uliharibu kazi yake na ukaokoa maisha ya mtu mwingine.

Alianza mwaka 1906 katika studio ya Oskar Messter mjini Berlin. Baba yake, Franz Porten, alikuwa mwimbaji wa opera aliyegeukia kuongoza filamu; dada yake, Rosa, naye alikuwa mwigizaji na baadaye mwandishi wa hadithi za filamu. Kazi ya mwanzo ilikuwa ya ajabu: sahani ya santuri ilicheza wimbo, na waigizaji mbele ya kamera walifungua vinywa kana kwamba ni wao wanaoimba. Henny hakuwa amesomea uigizaji popote. Jambo hilo linapaswa kutajwa kila anapozungumzwa, kwa sababu waigizaji wengi wa wakati wake walikuja kwenye filamu kutoka jukwaani wakiwa na mikono inayopaa na nyuso zinazokazwa ili mtu wa kiti cha mwisho aone, ilhali yeye alijifunza uigizaji kwenye filamu yenyewe, akiwa na kamera karibu na uso wake. Ndipo alipopata ule utulivu ambao watazamaji waliupenda hata kabla ya kulijua jina lake, maana siku hizo majina ya waigizaji hayakuwa yakiandikwa. Kufikia mwanzo wa miaka ya 1910 jina lake lilikuwa likiuza tiketi, na ndiyo sababu wanahistoria wengi humwita nyota wa kwanza wa filamu wa Ujerumani.

Siombi apakwe rangi nyeupe. Mume wake wa kwanza, mwongozaji Curt A. Stark, aliuawa vitani mwaka 1916, na mwaka uliofuata mjane huyo alicheza katika filamu fupi iliyowahimiza raia kuikopesha serikali fedha za kuendeleza vita hiyo hiyo. Mtu anaweza kuona hapo uzalendo wa mwanamke aliyefiwa, au mashine ya propaganda iliyotumia msiba wake. Mimi ninaona yote mawili, na ninataka mtazamaji apewe nafasi ya kuamua mwenyewe. Filamu hiyo ikiachwa nje kwa sababu inaaibisha, basi yatakayofuata hayataeleweka.

Miaka ya Jamhuri ya Weimar ndiyo inayojulikana zaidi, kwa hiyo nitaipita upesi, isipokuwa katika jambo moja. Mwaka 1920 pekee, Ernst Lubitsch alimwongoza katika filamu mbili zisizofanana hata kidogo. Katika moja alikuwa Anna Boleyn, malkia anayepelekwa kukatwa kichwa na mfalme anayechezwa na Emil Jannings. Katika nyingine, Kohlhiesels Töchter, alicheza dada wawili kwa pamoja, mmoja mrembo na mwingine mkali asiyeposeka. Hata hivyo, anayetaka kujua uzito wa mwigizaji huyu aangalie Hintertreppe ya mwaka 1921, iliyoandikwa na Carl Mayer na kuongozwa na Leopold Jessner pamoja na Paul Leni. Hapo Porten ni mtumishi wa nyumbani katika jengo la wapangaji. Kila jioni hukutana na mpenzi wake uani, hadi siku mpenzi anapotoweka. Tarishi wa posta, anayechezwa na Fritz Kortner, anampenda binti huyo kimyakimya na anazizuia barua za mwenzake. Mambo yanaishia kwa shoka na kwa mwanamke aliyesimama ukingoni mwa paa. Filamu hiyo karibu haina maandishi ya katikati ya kumsaidia mtazamaji, kwa hiyo kila kitu kimeachiwa mwili wa mwigizaji: namna anavyoinua ndoo, anavyokaza hatua akipanda ngazi, anavyosimama mlangoni akisikiliza kama barua imefika. Mwanamke aliyezoeleka kwenye postikadi akiwa na nywele za dhahabu na tabasamu la heshima alikubali hapa kuwa mchovu, mzito na asiyetazamwa na mtu. Aliikubali kazi hiyo akiwa juu kabisa ya umaarufu wake, mwaka ule ule alipoanzisha kampuni yake mwenyewe ya filamu.

Mwaka huo wa 1921 ndio pia alioolewa mara ya pili. Mume wake, Wilhelm von Kaufmann-Asser, alikuwa daktari aliyeacha udaktari na kusimamia utayarishaji wa filamu za mkewe. Alikuwa na asili ya Kiyahudi. Kwa miaka 12 jambo hilo halikumhusu yeyote. Waliendesha kampuni pamoja, wakaungana na mwongozaji Carl Froelich mwaka 1924, wakavuka kutoka filamu bubu hadi filamu zenye sauti mwaka 1930 bila Porten kupoteza watazamaji wake, wakapata hasara kubwa kwa filamu ya mwaka 1931 kuhusu Malkia Luise wa Prussia. Ilikuwa biashara ya filamu kama biashara nyingine yoyote, yenye faida na hasara.

Waheshimiwa, naomba msome sehemu inayofuata kwa utulivu, kwa sababu hapa ndipo ombi langu liliposimama.

Baada ya Wanazi kushika madaraka mwaka 1933, mtu hakuweza kufanya kazi ya filamu bila kukubaliwa na chombo cha serikali, Reichsfilmkammer, kilichokuwa chini ya Joseph Goebbels. Mwigizaji mwenye mume au mke Myahudi alijua anachotakiwa kufanya. Wapo walioachana na wenzao na kazi zao zikaendelea. Henny Porten alikataa kuachana na mumewe. Mwanamke aliyekuwa akicheza filamu kadhaa kila mwaka tangu akiwa binti sasa akawa anapewa jukumu moja baada ya kungoja kwa muda mrefu, tena kwa ruhusa maalumu inayoweza kufutwa wakati wowote. Mwaka 1934 alicheza Mutter und Kind, filamu aliyokwisha kuicheza ikiwa bubu miaka 10 kabla. Mwaka 1935 alicheza Krach im Hinterhaus, iliyoongozwa na Veit Harlan, mtu yule yule aliyekuja kutengeneza filamu ya chuki dhidi ya Wayahudi mwaka 1940. Mwaka 1941 alipata nafasi katika Komödianten ya G. W. Pabst, lakini jukumu kuu lilikuwa la Käthe Dorsch. Kisha mwaka 1944 Froelich, mshirika wake wa zamani ambaye tangu 1939 alikuwa rais wa Reichsfilmkammer yenyewe, alimpa nafasi ya mama mwenye nyumba katika Familie Buchholz na mwendelezo wake.

Mtazamaji asiyejua haya huona katika filamu hizo mwanamke wa makamo, mchangamfu, aliyeridhika na serikali ya wakati wake. Mtazamaji anayejua huona mtu anayefanya kazi akiwa na kisu shingoni. Ndoa yake ndiyo iliyokuwa kinga ya mumewe. Katika Ujerumani ya miaka ile, Myahudi aliyeoana na mtu asiye Myahudi hakupelekwa kambini haraka kama wengine mradi ndoa yao ilikuwa bado inasimama. Talaka au kifo cha mwenzake kingeweza kumtia mikononi mwa Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi. Wake wa Berlin waliosimama katika mtaa wa Rosenstraße mwaka 1943 wakidai waume zao waachiwe walilijua jambo hilo. Alilijua pia mwigizaji Joachim Gottschalk, aliyeshinikizwa hadi Novemba 1941 akajiua pamoja na mke wake Myahudi na mtoto wao mdogo. Mwaka 1944 nyumba ya Porten mjini Berlin iliharibiwa na bomu, na wanandoa hao wakajikuta hawana pa kulala, kwa kuwa kumpokea Myahudi nyumbani lilikuwa kosa. Mwaka huo huo uso wa mke ulikuwa kwenye majumba ya sinema ukiwachekesha watu waliochoshwa na vita. Kwangu mimi hakuna maelezo ya ukutani yanayoweza kuueleza udikteta kuliko mambo hayo mawili yakiwekwa pamoja, na leo hayawekwi pamoja, kwa sababu filamu iko katika orodha moja na maisha yako katika kitabu kingine.

Mumewe alisalimika. Wengi wangetarajia kwamba baada ya vita milango ingefunguliwa, lakini haikuwa hivyo. Waliishi Ratzeburg, kaskazini, kwa shida, huku watu wengi waliofanya kazi kwa raha chini ya Goebbels wakirudi studio baada ya muda mfupi. Huko Magharibi alipata jukumu moja tu mwaka 1950. Alipoitwa na DEFA alikwenda, akiwa na umri wa zaidi ya miaka 60, na akacheza nafasi kuu katika filamu mbili: Carola Lamberti ya mwaka 1954, kuhusu mama anayemiliki sarakasi, na Das Fräulein von Scuderi ya mwaka 1955, iliyotokana na hadithi ya E. T. A. Hoffmann. Kwa hilo alilaumiwa Magharibi, kana kwamba Magharibi ilikuwa imemwekea kiti naye akakikataa. Kaufmann-Asser alifariki mwaka 1959. Nishani ya heshima ya Jamhuri ya Shirikisho ilimfikia Porten mwaka 1960, mwaka ule ule aliofariki. Nishani si kazi, na mwigizaji anataka kazi.

Naona uzito wa pekee katika sehemu hii, na ninasikitika kwamba ndiyo isiyozungumzwa sana. Ni rahisi kwa taifa kuulaani utawala uliokwisha kuanguka. Ni vigumu zaidi kukiri kwamba mwanamke aliyefanya jambo jema wakati wa hatari alisahauliwa wakati wa amani, na kwamba kila upande wa Ujerumani ulimtazama kwa hesabu zake. Filamu zake mbili za DEFA zinapoonyeshwa leo kama mfano wa sinema ya Mashariki tu, bila kumwambia mtazamaji ni kwa nini mwanamke huyo alikuwa hapo, usahaulifu huo unaendelezwa.

Huenda mkajiuliza hili linamhusu nini msemaji wa Kiswahili. Linamhusu kwa njia mbili. Kwanza, lugha hii si mgeni Berlin. Ilifundishwa hapo tangu kuanzishwa kwa chuo cha lugha za Mashariki mwaka 1887, na miaka ya 1890 Amur bin Nasur kutoka Zanzibar alikuwa miongoni mwa walimu wake. Pili, na hili ndilo zito zaidi, katika filamu za Berlin za miaka ile ile ya mateso ya Porten alikuwepo pia mtu wa pwani yetu. Mohamed Bayume Husen alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, akaja Ujerumani mwaka 1929 kudai mishahara ya jeshi la kikoloni ambayo haikulipwa, akawa mhudumu wa hoteli, akafundisha Kiswahili, na akacheza nafasi ndogondogo katika filamu nyingi, ikiwemo ile ya mwaka 1941 iliyomtukuza Carl Peters, mwanzilishi wa koloni la Ujerumani katika Afrika Mashariki. Mwaka huo huo alikamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke mzungu, akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen bila kesi, akafia huko tarehe 24 Novemba 1944. Imani ile ile ya damu na rangi iliyotaka kuvunja ndoa ya nyota mkubwa wa filamu ndiyo iliyomuua mwigizaji mdogo ambaye jina lake mara nyingi halikuandikwa. Sisemi kwamba maisha yao yalilingana. Porten alikuwa na jina lililomlinda kiasi, Husen hakuwa na la kumlinda. Nasema kwamba watazamaji wa Dar es Salaam na Mombasa hawahitaji kufundishwa kwa nini historia ya sinema hiyo ni yao pia.

Basi, ninachoomba ni hiki. Kaeni pamoja mtengeneze orodha moja ya filamu zote za Henny Porten, inayosema wazi ipi imesalia, iko wapi, ina urefu gani, na ipi imepotea, na orodha hiyo iwekwe kwenye intaneti bila malipo. Za kabla ya mwaka 1918 zipewe kipaumbele katika kunakiliwa kidijitali, maana ukanda wa nitrati hautusubiri tumalize mikutano. Huoza taratibu, huwaka kwa urahisi, na rangi ambazo mafundi wa wakati ule walizitia kwa mkono hufifia kwanza kabla ya picha yenyewe kupotea. Fedha si sababu ya kukataa. Tangu mwaka 2019 Serikali ya Shirikisho, majimbo na mfuko wa filamu wamekubaliana kutenga hadi yuro milioni 10 kila mwaka, kwa kipindi cha miaka 10, kwa ajili ya kuziokoa filamu za zamani. Kipindi hicho kinakwisha hivi karibuni, nami nasihi kisikwishe kabla ya kazi hii kuanza.

Filamu za mwaka 1934 hadi 1944 zisifichwe wala zisionyeshwe peke yake. Ziwekewe utangulizi mfupi na wa kweli: nani aliongoza, nani alitoa ruhusa, hali ya mwigizaji na mumewe siku hizo ilikuwaje. Kuzificha ni kumficha yeye pamoja na waliomtesa, na kuzitoa bila maelezo ni kuwaachia waliomtesa wamtumie tena. Kwa filamu za DEFA naomba taasisi mbili zilizo jirani katika mji mmoja zifanye jambo jepesi la kukopeshana, ili Hintertreppe na Carola Lamberti zionyeshwe usiku mmoja. Miaka 33 iko kati yake. Mtu akimwona yule mtumishi wa ngazi za nyuma, kisha baada ya nusu saa amwone yule mama wa sarakasi, ataona mwili ule ule ukiwa umebeba mambo ambayo hakuna filamu kati ya hizo mbili iliyoyasimulia.

La mwisho ni kwamba programu hiyo isiishie Ujerumani. Taasisi ya Goethe ina nyumba Nairobi na Dar es Salaam, zenye wasikilizaji na vifaa. Filamu bubu husafiri kwa urahisi, na zile zenye sauti zinahitaji tu tafsiri iliyoandikwa chini ya picha kwa Kiswahili kizuri, kilichoandikwa na mtu na kusahihishwa na mtu mwingine. Mimi ni mfasiri. Nikipewa mazungumzo ya Carola Lamberti na ruhusa ya DEFA-Stiftung, nitayafasiri bila malipo. Naomba mnijibu kwa njia hii hii ya wazi, na mniambie ni taasisi gani kati yenu itakayoitisha kikao cha kwanza.

Wenu kwa heshima,
Mfasiri na mpenzi wa filamu, Berlin